GEMU HALIFUNGUKI: MASHINE MBOVU AU TUNAPIGWA?

 

Leo naweka mezani jambo ambalo wakubwa wataliona la kitoto: magemu ya kompyuta yanayogoma kufunguka. Msicheke kwanza. Kuna hela za watu zinapotea hapa, na wanaozipoteza ni vijana waliozitolea jasho.

Juzi juzi nilikuwa kwenye kafe moja Kahama, jina naliacha. Akaingia dogo mmoja katokea machimboni upande wa Kakola, laptop kwenye begi. Kaipata mtumba kwa laki mbili na nusu, hela ya miezi kadhaa ya kubeba mawe. Gemu la mpira alilowekewa linagoma. Fundi wa kwanza kampigia Windows upya kwa elfu ishirini, gemu likagoma vilevile. Fundi wa pili kamwambia bodi imekufa, amwachie kwa elfu themanini atoe spea. Dogo alikuwa ameshakubali, anasubiri tu hela ije.

"Dogo, ukibofya inakuwaje?" nikamuuliza.

"Braza, kinakuja kidirisha kina maneno ya Kizungu, nakifunga."

"Kinasemaje?"

"Sijawahi kukisoma."

Tukakisoma wote wawili. Kilikuwa kinasema faili linaloitwa VCRUNTIME140.dll halipo. Hilo faili linakuja kwenye kifurushi cha Microsoft kinachoitwa Visual C++ Redistributable, na kinatolewa bure. Tukakipakua cha biti 32 na cha biti 64, vyote viwili havifiki MB hamsini. Tukaviweka, tukawasha upya, gemu likafunguka. Laptop ya laki mbili na nusu ilikuwa inaondoka kwa elfu themanini kwa sababu ya faili la bure!

Nikakaa nikafikiri. Sisemi mafundi wote ni wezi, wengine na wao hawakisomi hicho kidirisha. Lakini gemu linapogoma, mara nyingi mashine inasema sababu, tena kwa maandishi. Sisi hatusomi, na kutosoma kwetu kumekuwa biashara ya mtu mwingine. Ila zipo pia sababu ambazo hata ukisoma huwezi kuzirekebisha pale kafe, maana zimeamuliwa mbali. Ukishindwa kuzitofautisha utalipia kitu cha bure, au utahangaika na mlango ambao mwenyewe kaufunga na kuondoka na funguo.

KIDIRISHA KINASEMA NINI?

Tuanze na vya kurekebisha wenyewe.

1. Likitajwa faili la MSVCP140.dll au VCRUNTIME140.dll, dawa ni ile ya dogo wa Kakola. Weka cha biti 32 na cha biti 64, usichague kimoja.

2. Likitajwa d3dx9_43.dll, huyo ni DirectX wa zamani. Hata ukiwa na Windows 10 au 11, magemu ya enzi zile yanataka kifurushi cha DirectX cha Juni 2010, na kipo kwa Microsoft wenyewe. Windows mpya ina DirectX mpya, haiji na yale mafaili ya kale yote.

3. Ukiona namba 0xc000007b, mara nyingi kuna mafaili ya biti 32 na 64 yamechanganyika. Anza na dawa namba moja.

4. Ukiambiwa programu siyo "valid Win32 application", inawezekana gemu ni la biti 64 na Windows yako ni ya biti 32, au faili limeharibika lilipokuwa linanakiliwa kutoka kwenye flashi. Nakili upya kabla hujamlaumu mtu.

5. Ukibofya ikawa kimya kabisa, angalia kwanza orodha ya vitu vilivyokamatwa na antivairasi. Halafu angalia draiva ya kadi ya picha, maana Windows ikishapigwa upya mara nyingi inabaki na draiva ya kubahatisha. Andika dxdiag kwenye sehemu ya kutafutia, utaona jina la kadi na ukubwa wa RAM.

Onyo moja! Usiende kupakua faili moja moja la dll kwenye vitovuti usivyovijua. Utaleta vairasi ndani kwa mkono wako mwenyewe.

Na kwa wale wa kafe: kuna kafe zinatumia programu kama Deep Freeze, ukizima mashine kila kitu kinarudi kilivyokuwa asubuhi. Utaweka kifurushi, utawasha upya, kimeyeyuka. Hapo hujarogwa, mwombe mwenye kafe aiache mashine wazi kwanza.

WACHIMBAJI WASIO NA LESENI

Sasa tufike kwenye jambo ambalo watu wa ukanda huu wa dhahabu tungetakiwa kulielewa kuliko wote.

Magemu mengi tunayocheza ni ya kukraki, yamevunjwa kufuli. Yanatembea kwenye flashi kutoka Mwanza mpaka Katoro, na sitajifanya mtakatifu hapa, na mimi nimecheza. Lakini mwezi Juni 2021 kampuni ya antivairasi ya Avast ilitoa ripoti kuhusu kirusi walichokiita Crackonosh. Kilikuwa kinajificha ndani ya magemu ya kukraki, na majina yaliyotajwa tunayajua: GTA V, NBA 2K19, Pro Evolution Soccer 2018, Euro Truck Simulator 2. Kilikuwa kinazunguka tangu mwaka 2018 na kilikuta kompyuta zaidi ya 222,000 duniani.

Kilikuwa kinafanya nini? Kinachimba! Kinatumia nguvu ya kompyuta yako kuzalisha sarafu ya mtandaoni inayoitwa Monero, na Avast walikadiria wenyewe walishajipatia zaidi ya dola milioni 2. Kwanza kinailazimisha mashine iwake kwenye ile hali ya usalama ambako antivairasi nyingi hazifanyi kazi, kinaiondoa antivairasi, halafu kinazima masasisho ya Windows.

Yaani unakaa Geita, juu ya dhahabu, na mtu usiyemjua anachimba kwenye laptop yako. Hana leseni, hana duara, umeme unanunua wewe. Wewe unaona feni inapiga kelele, mashine inachemka, gemu linachukua dakika tano kufunguka au linagoma kabisa, na fundi anakwambia bodi imekufa.

Kwa hiyo fundi au rafiki akikwambia "zima antivairasi kwanza ndipo gemu lifunguke", jiulize mara mbili. Pengine antivairasi imekosea, inatokea. Pengine imemwona mchimbaji mlangoni.

MLANGO UMEFUNGWA MBALI

Tuje sasa kwenye zile sababu ambazo fundi wa Kahama hawezi kuzitibu hata ukimlipa laki.

Tarehe 1 Januari 2024 Steam, duka kubwa kabisa la magemu ya kompyuta, waliacha kuhudumia Windows 7, 8 na 8.1. Tarehe 14 Oktoba 2025 Microsoft wakaacha kuihudumia Windows 10. Wametoa njia ya kupata masasisho ya usalama kwa mwaka mmoja zaidi, mpaka Oktoba 2026, lakini ni kama mgonjwa kuongezewa dripu. Januari 2026 Steam wakafunga na mlango wa Windows ya biti 32.

Ukitaka Windows 11, wanataka chipu ya usalama inayoitwa TPM 2.0, na kwa upande wa Intel kwa kawaida wanataka prosesa ya kizazi cha 8 kwenda juu. Laptop za mtumba nyingi tunazouziwa ni za kizazi cha 3, cha 4, cha 5. Mashine inawaka vizuri, inaandika barua, inacheza muziki, lakini kwa dunia ya magemu mapya imeshazikwa hai.

Hata mwenye hela hayuko salama. FIFA 23 ilipotoka Septemba 2022, wanunuzi wengi wa kompyuta duniani walishindwa kuifungua kwa sababu ya programu mpya ya EA ya kuzuia wadanganyifu. Watu walilipa bei kamili wakaishia kutazama kidirisha, kama dogo wetu. Battlefield 6 ya Oktoba 2025 haifunguki kama hujawasha kitu kinaitwa Secure Boot kwenye mipangilio ya ndani ya mashine.

Kuna kituko kingine. Windows 10 ilipotoka mwaka 2015, Microsoft waliondoa uwezo wa kusoma kinga ya SafeDisc iliyokuwa kwenye CD nyingi za magemu ya zamani. Walisema ni tundu la usalama. Matokeo yake CD halali uliyonunua dukani inagoma, na nakala ya kukraki inafunguka! Sasa hapo utamfundishaje kijana kununua halali?

Na Machi 31, 2024 kampuni ya Ubisoft ilizima seva za gemu la The Crew la mwaka 2014. Waliolinunua wakabaki na kitu kisichofunguka popote duniani. Huko Ulaya watu hawakukaa kimya. Walianzisha kampeni ya Stop Killing Games, na Julai 2025 sahihi zilivuka milioni moja. Wanadai kampuni ikiuza gemu isiruhusiwe kuliua tu inavyotaka. Sisi huku hatuna hata chama cha kulalamika bei ya saa moja ya kafe!

UMEME NA WAYA

Sijasahau umeme. Bwawa la Nyerere lilianza kuingiza umeme kwenye gridi Februari 2024, na limejengwa kuzalisha megawati 2,115. Hiyo ni habari njema, tusipinge. Lakini umeme kuzalishwa Rufiji ni jambo moja, na umeme kufika kwenye meza yako ukiwa na nguvu sawasawa ni jambo lingine. Ukiwa jirani na makarasha na wachomeleaji, wakiwasha tu taa yako inainama. Mashine ikizimika ghafla katikati ya kunakili gemu, faili linabaki nusu, na kesho halifunguki. Mwenye kafe, UPS na stabilaiza siyo anasa.

Halafu waya. Mei 12, 2024 nyaya za chini ya bahari za EASSy na Seacom zilikatika, intaneti ikawa ya kunyunyiza Afrika Mashariki. Na Oktoba 29, 2025, siku ya uchaguzi, intaneti ilizimwa nchi nzima kwa siku kadhaa. Najua siku zile kulikuwa na mambo mazito kuliko gemu, kuna watu walizika, na siwezi kuyalinganisha. Nasema tu kwamba waliokuwa na magemu yanayotaka kuingia mtandaoni kwanza hawakufungua kitu, hata yale ya kucheza peke yako. Gemu ambalo lazima liombe ruhusa nje kila likiwaka halijawa lako. Kama unatumia Steam, washa ile hali ya bila mtandao mapema intaneti ikiwepo, ujaribu kama gemu linafunguka. Usisubiri siku ya giza.

TUFANYEJE?

Watu wa machimbo mnajua maana ya marudio. Mtu anasaga mawe, anachukua dhahabu yake, ule mchanga uliobaki anauona hauna kitu. Anakuja mwingine mwenye ujuzi anauchenjua upya na anapata hela, wakati mwingine kumzidi yule wa kwanza.

Hizi kompyuta za mtumba ndiyo marudio yetu. Wachambuzi wa Canalys walikadiria mwaka 2023 kwamba kompyuta kama milioni 240 zinaweza kugeuka takataka kwa sababu ya kufungwa Windows 10. Sehemu yake itatua kwetu, na wauzaji watazisifia. Kabla hujatoa hela, washa mashine hapo hapo dukani. Andika winver uone Windows gani, andika dxdiag uone RAM, prosesa na kadi ya picha. Muuzaji akikataa uiwashe, ondoka na hela yako.

Halafu cheza kinacholingana na mashine. San Andreas ya mwaka 2005 haihitaji TPM ya mtu yeyote.

Mafundi, kaka zangu, naomba jambo moja. Kabla ya kupiga Windows upya, mwandikie mteja kwenye karatasi kile kidirisha kilichosema. Basi. Mteja akiona umesoma atakuamini, na atarudi. Na mdogo wangu unayefunga kidirisha haraka kwa kuogopa Kizungu: hayo maneno ni yale yale kila siku, hayafiki ishirini. Wewe umemaliza shule kama mimi, utayaweza.

Yule dogo wa Kakola alirudi baada ya siku chache. Hakuja kucheza. Alikuja na laptop ya rafiki yake, kidirisha kimeandikwa kwenye mkono kwa kalamu. Alitaka kujua d3dx9_43 ni mnyama gani.

Naomba kuwasilisha. Gemu gani linakuzingua, na kidirisha kinasemaje? Andika hapo chini neno kwa neno, tulitazame pamoja.