Kabla ya Kula Tunda, Litazame

Katika somo la dini hapa Nunguni, mwanafunzi mmoja aliniuliza: je, Myahudi aruhusiwa kula embe wakati wa Pasaka yao? Darasa zima liliangua kicheko. Mimi sikucheka, kwani swali lile lina mafunzo kwetu sisi wakaaji wa Makueni.

Tunda zima, kama lilivyochumwa mtini, halikatazwi. Kinachokatazwa katika Pasaka ni chachu, kama ielezavyo sura ya 12 ya kitabu cha Kutoka. Kwa hiyo aandaaye matunda huangalia kwanza kisu, ubao na bakuli: vilivyogusa mkate wa kila siku huwekwa kando, vya sikukuu vikatolewa. Tena iko sheria ya mwaka mzima, iliyomo katika Walawi 11, ya kutokula viumbe vitambaavyo. Tunda linaloshukiwa kuwa na funza hupasuliwa na kukaguliwa kabla ya kuliwa. Sheria hizi si za mbali. Jirani zetu Abayudaya wa Mbale, Uganda, walioanzishwa na Semei Kakungulu mwaka 1919, ni wafuasi wa dini hiyo.

Sasa na tujitazame. Mwaka 2014 Kenya ilisitisha yenyewe kuuza maembe katika nchi za Umoja wa Ulaya kwa sababu ya nzi wa matunda. Biashara hiyo haikufunguliwa tena hadi mwaka 2021. Wako wanaomlaumu mnunuzi kwa ukali wake. Lakini sisi tulifanya nini? Tuliuma embe, tukakuta funza, tukalitupa papo hapo chini ya mwembe. Funza huyo huingia udongoni, akageuka nzi, kisha akataga mayai katika embe jingine. Adui tulimlea wenyewe.

Simshauri mtu abadili dini yake. Nashauri tuige uangalifu huo. Walimu wenzangu, tuwafundishe watoto kuosha mikono, tunda na kisu, kupasua, kutazama, ndipo wale. Yenye funza na yaliyoanguka yaokotwe na kuzikwa katika shimo lenye kina cha zaidi ya nusu mita. Nanyi wanafunzi, yapelekeni mafunzo haya kwa wazazi wenu shambani.

Usipoziba ufa utajenga ukuta. Azoeaye kulikagua tunda mezani pake hatangoja mgeni wa ng'ambo amwonyeshe funza aliyemo.