Ajue Kuzima Kabla ya Kuwasha



Wazazi wenzetu wa Ilala, huenda kijana wako amekwisha kukuomba fedha akanunue bodi ya Arduino. Ni kibao kidogo kilichoanzia Ivrea, Italia, mwaka 2005, ili wanafunzi wajifunze kuviamuru vifaa vya umeme kwa programu. Elimu hiyo ni ya manufaa, wala hatuoni sababu ya kumnyima. Ila kabla hajakiunganisha na kifaa chochote cha nyumbani, mwulize: utakisimamishaje?

Bodi ya aina ya Uno ina kitufe kilichoandikwa RESET, na wengi hudhani ni cha kuzimia. Sivyo. Kitufe hicho kikibonyezwa, programu hukatika. Kikiachiwa, huanza upya tangu mwanzo. Haifutiki, kwani imehifadhiwa katika kumbukumbu isiyotegemea umeme. Kinachopotea ni hesabu iliyokuwa ikiendelea, zikiwamo dakika zilizokwisha kupita.

Tuchukue mfano wa nyumba ya ghorofa Kariakoo, ambako maji hupandishwa kwa pampu hadi kwenye tangi la juu. Kijana ameiamuru bodi iwashe pampu kwa dakika 10, kisha izime. Ikifika dakika ya 9, mdogo wake akabonyeza kitufe akidhani anazima, pampu itaanza dakika 10 nyingine. Jumla ni 19. Tangi litafurika, na maji yatamshukia jirani wa chini. Umeme ukikatika na kurudi, bodi nayo huanza upya vilevile, pasipo kuguswa na mtu, pengine wenye nyumba wakiwa katika swala ya Ijumaa.

Kinga zipo. Kwanza, pampu iwe na swichi yake ya kukata umeme, mbali na bodi, mahali ambapo kila mtu mzima nyumbani anapajua. Pili, tangi liwe na boya la kupimia maji, na programu ilitazame boya kabla ya kuwasha na wakati wote pampu ikifanya kazi, isitegemee kuhesabu dakika peke yake. Tatu, waya za pampu ziunganishwe na fundi wa umeme, kwa kuwa volti 230 si za kujifunzia. Na kijana akitaka bodi iache kabisa kazi ya zamani, aichomoe kwenye umeme wakati huo, kisha aiunganishe na kompyuta peke yake, bila pampu, na kuipakia programu tupu.

Tumefundishwa kumfunga ngamia kwanza, ndipo tutawakali. Haki ya jirani ni nzito, na godoro lake lililolowa halitakaushwa na udhuru kwamba mtoto alikuwa akijifunza. Basi mjaribu pamoja jioni moja, mkitumia taa ndogo badala ya pampu: aiwashe, abonyeze kitufe, akate umeme na kuurudisha, nawe ukitazama. Akiweza kukueleza kila kilichotokea na sababu yake, hapo mzungumzie tangi.

Wabillahi tawfiq.