HAKI YETU ISIPOTELEE MLANGONI MWA KORTI



Kila mwezi tunakatwa pesa za sacco kabla hatujaushika mshahara. Kwa hilo hatuna neno. Ni akiba yetu, ndiyo karo ya watoto na mabati ya nyumba. Neno letu ni hili: siku pesa hizo zikipotea, mfanyakazi hufanywa mpira. Kamati yamwambia, "Nenda kortini." Korti yamwambia, "Shauri hili si letu, nenda kwenye Baraza." Karani wa mshahara amwambia, "Sisi tulikwisha kukata, kaulize sacco yako." Mwaka unakwisha, mwenye haki amechoka, na mwenye kula pesa amenenepa. Twasema wazi: wako watu wanaofaidi kwa kuzungushwa huku, na silaha yao ni kutojua kwetu.

Basi na tujue. Kwa sheria ya 1966 mabishano ya vyama vya ushirika yalipelekwa kwa afisa wa Serikali, yule yule aliyeviandikisha na kuvisimamia vyama hivyo. Msimamizi akawa ndiye mwamuzi. Sheria ya Vyama vya Ushirika ya 1997 iliondoa jambo hilo, ikaweka Baraza la kuamua mabishano ya ushirika. Fungu la 76 lataja mabishano yanayokwenda huko: ya wanachama wao kwa wao, ya mwanachama na ushirika wake, kamati yake au maofisa wake, na ya ushirika mmoja na mwingine, yakiwa yahusu shughuli za ushirika. Deni la mkopo ni huko. Mdhamini anayekatwa kwa deni la mwenzake aliyetoroka, shauri lake ni huko. Mwanachama aliyejitoa akanyimwa akiba yake, ni huko. Asiyeridhika na uamuzi wa Baraza ana siku 30 za kukata rufani Mahakama Kuu.

Ukienda kwa hakimu na shauri la namna hiyo, utalipa ada na wakili, kisha litatupwa. Katika kesi ya meli Lillian S mwaka 1989, Mahakama ya Rufani ilieleza kwamba korti isiyo na mamlaka juu ya shauri haina ruhusa ya kupiga hata hatua moja zaidi. Kamati inayomwambia mwanachama "nenda kortini" hali ikijua hayo, yamtuma akapoteze nauli.

Lakini si kila jambo lenye jina la ushirika ni la Baraza. Karani au mlinzi aliyeajiriwa na sacco, akifukuzwa bila haki, yeye ni mfanyakazi kama sisi. Kesi yake ni ya Mahakama ya Ajira na Uhusiano wa Kazi. Isiwe kamati ikamvuta Barazani kwa kuwa tu ana hisa mbili tatu. Na mweka hazina aliyeiba ni mwizi: kumfunga ni kazi ya polisi na korti ya jinai, kwa maana Baraza halina jela.

Sasa tufike penye kidonda. Tajiri anayetukata pesa asizipeleke si mwanachama wa ushirika, kwa hiyo hatajwi katika Fungu la 76. Je, ameponyoka? La! Fungu la 35 lasema asipozipeleka katika siku 7 atadaiwa pesa hizo pamoja na riba juu ya riba, isiyopungua 5 kwa mia kila mwezi. Kamishna wa Ushirika aweza kumshtaki kortini kwa niaba ya ushirika. Sheria hiyo ina meno. Mbona haiumi?

Haiumi kwa sababu wengi wa wanakamati wa sacco za kazini wameajiriwa na tajiri huyo huyo. Mchana wamwita "Bwana," jioni wawezaje kumwandikia barua ya madai? Wananyamaza, na riba ya kila mwezi, ambayo ni mali yetu, haidaiwi. Hatuwatukani, hofu ya kufukuzwa twaijua sote. Lakini mwenye kuogopa asikubali kushika mfuko wa watu.

Kwa hiyo twataka haya. Kwanza, kila sacco iwaeleze wanachama katika mkutano mkuu, kwa Kiswahili, shauri gani laenda wapi. Pili, Baraza litoke Nairobi mara kwa mara lisikize kesi mikoani, maana kibarua wa shamba la chai hawezi kulipa nauli ya siku tatu kudai akiba ya mwezi mmoja. Tatu, kamati ikichelewa kumdai tajiri, wajumbe wetu kazini wapeleke habari kwa Kamishna bila kungoja. Kamati ikikataa kabisa, hayo ni mabishano ya wanachama na kamati, na Baraza lipo.

Nawe ndugu, tunza hati zako za mshahara. Kila hati inayoonyesha pesa iliyokatwa ni shahidi asiyehongwa. Ukiona pesa imekatwa na haimo katika hesabu ya sacco, usingoje mwisho wa mwaka. Mwone mjumbe wako wiki hiyo hiyo.

Haki haimfuati aliyelala. Umoja ni nguvu!