Ukisafiri na mtoto mdogo kutoka Sumbawanga, utamnyonyeshea wapi?

Mama, ukipanda basi Sumbawanga kwenda Mbeya una zaidi ya kilomita 300 mbele yako. Ukiendelea hadi Dar es Salaam, zinapita 1,100. Barabara ya Tunduma siku hizi ni lami, na tangu mwaka 2023, Serikali ilipoondoa katazo la mabasi ya masafa marefu kutembea usiku, unaweza kuwa njiani saa ambazo zamani mabasi yote yalilala. Kwetu watu wa Ufipa hayo ni maendeleo makubwa. Lakini mahali pa kukaa ukanyonyesha kwa utulivu, ukabadilisha nepi na kunawa mikono kwa sabuni, bado ni kubahatisha.

Wengi huona hili kama suala la starehe. Mimi kama muuguzi naliona kama suala la lishe. Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2022 ulionyesha kuwa watoto 30 kati ya 100 wa chini ya miaka 5 nchini wamedumaa. Rukwa, mkoa unaolisha wengine kwa mahindi, ni karibu nusu ya watoto. Udumavu una sababu nyingi, na mbili kati ya hizo hukutana barabarani: mtoto kupewa vitu vingine kabla ya miezi 6, na kuharisha mara kwa mara. Kliniki akina mama huniambia, "Namnyonyesha tu, simpi kitu." Ukiuliza habari za safari ya msibani Mpanda, unasikia kwamba siku ile alipewa maji kidogo na biskuti, kwa sababu abiria walikuwa wanaangalia.

Labda umewahi kusikia "hospitali rafiki kwa mtoto". Huo ni mpango wa Shirika la Afya Duniani na UNICEF ulioanza mwaka 1991, na unahusu hospitali zenye huduma ya uzazi, si stendi za mabasi. Sheria yetu ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inampa mama anayenyonyesha hadi saa 2 kwa siku za kumnyonyesha mtoto wakati wa kazi. Kenya walikwenda mbele: Sheria yao ya Afya ya mwaka 2017 inawataka waajiri watenge sehemu ya kunyonyeshea. Zote mbili zinamlinda mwajiriwa. Wewe uliyetoka kulima Mpui ukapanda basi na mtoto mgongoni, hazikufuati ndani ya basi.

Ndiyo maana kwa sasa, nikisema kweli, sehemu rafiki kwa mtoto kwenye stendi zetu nyingi ni benchi la mama lishe. Ana maji ya moto, ana kiti, na mara nyingi naye ni mzazi. Mwombe. Ukinunua chai yake, wote mmefurahi.

Kabla basi halijaondoka, omba kiti cha dirishani na umwambie konda kwamba una mtoto anayenyonya, ili asikupite mnaposimama. Nyonyesha ukiwa kwenye kiti, jifunike kanga kama unajisikia vibaya, ila usimfunike mtoto uso. Mtoto wa chini ya miezi 6 hahitaji maji hata kwenye joto la Tunduma mchana. Anayehitaji maji ya kunywa ni wewe. Wengi hawanywi kwa kuogopa kuomba basi lisimame "kuchimba dawa", na wakifika wamechoka, kichwa kinauma, na mtoto analia. Kunywa kidogo kidogo.

Usiku, hasa Juni na Julai, uwanda wetu una baridi kali. Mvalishe nguo nyepesi mbili tatu badala ya blanketi moja zito, na kofia. Mfunge kwa mbeleko kifuani, kisha funga mkanda wa kiti kiunoni mwako wewe, chini yake. Usimweke mtoto ndani ya mkanda wako. Basi likifunga breki ghafla, uzito wako wote unamwangukia.

Kama mtoto ameshaanza kula, uji wa ulezi uliokaa kwenye chupa ya chai tangu alfajiri si salama saa nane mchana. Beba ndizi au parachichi zima na kijiko safi, umenye wakati wa kula. Na wewe bibi unayesafiri na mjukuu asiye na mama: maji yaliyochemka yakae kwenye chupa ya chai, maziwa ya unga yakae pembeni, uchanganye wakati wa kunywesha tu. Tumia kikombe, chupa yenye chuchu huwezi kuisafisha vizuri stendi. Yakibaki, mwaga.

Kadi ya kliniki isibaki nyumbani. Tarehe ya chanjo ikikukuta ugenini, nenda kituo chochote kinachochanja. Ukishuka bondeni Rukwa au mwambao wa Ziwa Tanganyika, beba chandarua, maana malaria ya huko si ya huku juu. Mtoto akikataa kunyonya, akitapika kila kitu, akilegea au kupata degedege, shuka kwenye kituo cha afya kilicho karibu. Nauli iliyobaki utaisamehe.

Sasa, nani anapaswa kujenga chumba hicho? Stendi nyingi ni za halmashauri. Zinakusanya ushuru wa mabasi, na choo unakilipia. Chumba chenye mlango, benchi, meza ya kumlaza mtoto, maji, sabuni na ndoo yenye mfuniko si mradi wa mabilioni. Halmashauri zina pia mikataba ya lishe, inayozitaka zitenge angalau shilingi 1,000 kwa kila mtoto wa chini ya miaka 5. Sidhani kama ni busara kuigusa fedha hiyo kwa ajili ya tofali, lakini inaonyesha kwamba wameshakubali lishe ya mtoto ni kazi yao. Ushuru wa stendi ndio ujenge. Wenye mabasi nao huchagua hoteli ya kusimama abiria wale, na wanaweza kuchagua yenye maji na sehemu ya mama.

Mwaka wa fedha unaanza Julai, lakini mipango huanza kupangwa miezi mingi kabla. Ukitaka diwani wako aibebe hoja hii, isemwe kwenye mkutano wa kijiji au mtaa kati ya Oktoba na Desemba. Ikisemwa Mei, bajeti imeshapita.