Kufuli Kabla ya Shauri: Haki ya Mwenye Duka Kusikilizwa



Ndugu msomaji, Mei 2023 wafanyabiashara wa Kariakoo, Dar es Salaam, waligoma kufungua maduka. Miongoni mwa malalamiko yao ilikuwa namna kikosi kazi cha kodi kilivyoendesha ukaguzi. Waziri Mkuu wa wakati huo, Kassim Majaliwa, alikwenda kuwasikiliza katika viwanja vya Mnazi Mmoja. Juni 2024 mgomo ukarudi. Soko zima likigoma, viongozi huja. Je, mwenye duka moja wilayani, aliyefungiwa peke yake na kuambiwa leseni yake imesitishwa, nani atamwendea?

Jibu limo katika Katiba ya Jamhuri ya Muungano. Ibara ya 13(6)(a) inampa kila mtu ambaye haki na wajibu wake unaamuliwa na mahakama au chombo kingine fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu, pamoja na haki ya kukata rufani au kupata nafuu nyingine ya kisheria. Tuzingatie maneno "chombo kingine". Halmashauri inayotoa na kufuta leseni imo humo, na mamlaka ya udhibiti imo pia.

Wapo wanaosema kwamba leseni ni hisani ya serikali, na mwenye kutoa hisani anaweza kuitwaa. Hoja hii ni dhaifu. Mtu akishalipia leseni, akapanga fremu, akakopa mtaji na kuajiri vijana wawili, leseni ile imekuwa mlango wa riziki ya nyumba kadhaa. Mahakama ya Rufani, katika shauri la kampuni ya Mbeya-Rukwa Autoparts mwaka 2003, ilieleza kuwa kusikilizwa ni haki ya msingi ya kikatiba. Katika shauri jingine lililofunguliwa mwaka 2002, ilisema uamuzi uliofikiwa bila kumsikiliza mhusika hubatilishwa hata kama angesikilizwa uamuzi ungekuwa ule ule.

Msimamo huu si mgeni kwa Waislamu. Katika Suratun-Naml, Nabii Sulaiman (A.S) alipomkosa ndege Hud-hud alitishia kumwadhibu vikali, lakini akaweka sharti: isipokuwa akileta hoja iliyo wazi. Hud-hud alipokuja alijieleza, na Sulaiman hakumwadhibu wala hakumwamini papo hapo. Alisema atachunguza ukweli wake. Tazama utaratibu ulivyo: tuhuma, utetezi, uchunguzi, kisha uamuzi. Naye Mtume (S.A.W) alipomtuma Ali (R.A) Yemen kuwa kadhi, alimwagiza asimhukumie wa kwanza mpaka amsikilize wa pili.

Hata msimamizi wa soko katika dola za Kiislamu, muhtasibu, alikuwa na mpaka. Imam al-Mawardi ameeleza kuwa muhtasibu hushughulikia maovu yaliyo dhahiri. Jambo likikanushwa na kuhitaji ushahidi, hupelekwa kwa kadhi. Leo ofisa mmoja aweza kuwa mkaguzi, mshitaki na mwamuzi wa duka lile lile. Hapo uadilifu unatoka wapi?

Hatusemi kwamba mwenye kuuza dawa zilizokwisha muda au chakula kibovu aachwe akisubiri kikao. Kuzuia madhara ni wajibu, na duka laweza kufungwa mara moja. Lakini kufunga kwa muda ni jambo moja, na kufuta leseni ni jambo jingine. Baada ya kufunga, mhusika apewe tuhuma kwa maandishi, siku za kutosha kujibu, asikilizwe na mtu asiye mlalamikaji, kisha apewe uamuzi wenye sababu. Kenya imeliweka hili katika ibara ya 47 ya Katiba yake ya 2010, na mwaka 2015 ikaitungia sheria maalumu. Tanzania Bara nayo ingenufaika na sheria moja ya jumla ya namna hiyo.

Kwenu wafanyabiashara: mkiitwa, nendeni. Mwenye kukimbia kikao hana haki ya kusema hakusikilizwa. Hifadhini risiti, barua na kumbukumbu za ukaguzi, na ombeni uamuzi kwa maandishi. Tumieni kwanza rufaa iliyowekwa na sheria husika. Anayetaka Mahakama Kuu iupitie uamuzi huo aombe kibali ndani ya miezi 6. Wengi hupoteza haki zao kwa kungoja huruma.

Na kwenu maofisa: kufuli ni jepesi mkononi, bali dhulma ni nzito siku ya hesabu. Mkosaji aliyesikilizwa huadhibiwa kwa haki, na jirani zake wakajifunza. Asiyesikilizwa, hata akiwa mkosaji kweli, hubaki machoni mwa watu kuwa aliyedhulumiwa, na sheria ikapoteza heshima yake.