Kustaafu kwa Hiari: Hiari ya Nani?



Wazee wengi hutujia na bahasha ya kaki mkononi. Ndani yake mna barua ya mwajiri iliyowaalika wafanyakazi kustaafu mapema kwa hiari, na hati yenye sahihi ya mstaafu isemayo kwamba amelipwa haki zake zote wala hatadai tena. Swali lao ni moja: je, bado tunaweza kudai?

Jambo hili si geni hapa Kenya. Katika miaka ya 1990 serikali, ilipokuwa ikipunguza watumishi wake, iliwafungulia wale wa ngazi za chini mlango wa kustaafu mapema, na waajiri wengine wameitumia njia hiyo tangu hapo. Neno "hiari" hupendeza karatasini. Lakini mtu aliyeambiwa kwamba asipotoka sasa atatolewa baadaye kwa malipo madogo zaidi, huyo tusiseme amechagua kwa moyo mkunjufu. Tukiri pia kwamba wako waliochagua kweli, wakapokea walichoahidiwa, na malalamiko yakaanza fedha zilipokwisha. Hao mahakama haitawaokoa, nasi hatuna ruhusa ya kuwadanganya.

Sahihi ina uzito gani, basi? Mwaka 2013 Mahakama ya Rufaa, katika kesi ya kampuni ya Thomas De La Rue, ilisema kwamba hati ya kuachilia madai haimwondolei mwajiri, kwa yenyewe tu, wajibu aliowekewa na sheria. Mwaka 2018 mahakama hiyohiyo, katika kesi ya Coastal Bottlers, iliyashikilia mapatano ambayo mfanyakazi aliyakubali mwenyewe bila kushurutishwa. Kesi zote mbili zilihusu watu walioachishwa kazi, lakini hoja yake yamgusa mstaafu vilevile: alielewa alichotia sahihi? Alitishwa? Alifichwa jambo? Atakayejibu maswali hayo kwa ushahidi, wala si kwa uchungu peke yake, ana pa kuanzia.

Lililotusikitisha zaidi ni suala la muda. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 humpa mdai miaka 3 tangu haki yake ilipovunjwa, naye hakimu hana uwezo wa kuirefusha. Mwaka 2016 Mahakama ya Rufaa ilithibitisha kwamba mazungumzo ya kutafuta suluhu hayasimamishi hesabu ya miaka hiyo. Hata hivyo tumeona wastaafu wakiandikiana barua na mwajiri mwaka baada ya mwaka, wakiamini kwamba kila jibu la upole ni hatua mbele. Tumeona pia vikundi vya wazee vikichangishwa fedha kila mwezi kwa ajili ya kesi ambayo muda wake ulikwisha zamani. Kiongozi wa jumuiya anayejua hivyo akanyamaza, ameshiriki katika kuwanyang'anya.

Malalamiko juu ya mfuko wa pensheni yana njia yake. Mwanachama huwaandikia kwanza wadhamini wa mfuko. Asiporidhika, huiomba Mamlaka ya Mafao ya Kustaafu ipitie uamuzi wao, kisha huenda katika baraza la rufaa la mafao hayo. Waliokuwa wafanyakazi wa Bandari waliianzia kesi yao Mahakama Kuu, na mwaka 2019 Mahakama ya Juu ikaamua kwamba haikuwa mahali pake pa kuanzia. Fikirini miaka iliyopotea.

Kwa hiyo tunawaomba viongozi: mfanyakazi akiletewa fomu, asitie sahihi siku hiyohiyo. Aombe hesabu ya malipo kwa maandishi, ailinganishe na mkataba wa chama chake cha wafanyakazi, na abaki na nakala ya kila karatasi. Naye aliyekwisha kutia sahihi, akiwa bado ndani ya miaka 3, msimngojeshe hadi mkutano wa mwezi ujao. Mleteni wiki hii, pamoja na bahasha yake.