Mwandishi wa Tahariri Hulipa Nini?

Sisi watu wa Pwani tukitajiwa Maua, fikira zetu huenda moja kwa moja kwenye miraa. Hatuna lawama, maana kwa miaka mingi mizigo imekuwa ikishuka kutoka Igembe hadi vibandani mwetu. Mwezi Mei 2024, magavana wa Mombasa na Kilifi walipopiga marufuku muguka, ambayo ni ndugu ya miraa itokayo Embu, Mahakama Kuu ya Embu ilisimamisha amri zao. Magazeti ya Nairobi yana wasomaji pande zote mbili: mzazi wa Kisauni mwenye kijana asiyelala, na mkulima wa Mbeere mwenye karo ya kulipa. Kuandika maoni ya gazeti juu ya jambo kama hilo ni kazi ya mtu asiyejulikana kwa msomaji. Ndiyo desturi ya tahariri: haitiwi sahihi.

Nchi hiyo hiyo ya Meru, hata hivyo, imetoa mtu ambaye jina lake lilijulikana vizuri sana na polisi. Mwaka 1987 Bwana Gitobu Imanyara, mwanasheria wa Imenti, alianzisha jarida la Nairobi Law Monthly. Jarida la sheria, kwa kawaida, husomwa na mawakili na kuwekwa rafuni. Hili halikuwekwa rafuni, kwa sababu lilizungumza juu ya haki za raia, juu ya vizuizi na, ilipofika 1990, juu ya vyama vingi, wakati neno lenyewe lilikuwa likisemwa kwa kunong'ona. Julai mwaka huo, Bwana Kenneth Matiba na Bwana Charles Rubia walipotiwa kizuizini, Imanyara naye alichukuliwa. Septemba jarida likapigwa marufuku. Oktoba mahakama ikaisimamisha marufuku hiyo. Machi 1991 akakamatwa tena na kushtakiwa kwa uchochezi, na Mei mashtaka yakaondolewa. Mwaka huo huo wachapishaji wa magazeti duniani walimtunukia Kalamu ya Dhahabu ya Uhuru. Desemba, kifungu cha 2A kilichoifanya KANU chama pekee kikafutwa. Baadaye wapiga kura wa Imenti ya Kati walimpeleka Bungeni.

Jambo la kutazama hapa ni kwamba jarida lilikuwa lake. Hakuwa na tajiri wa kumfukuza kazi, kwa hiyo aliyetaka kulinyamazisha ilibidi amfuate yeye mwenyewe, kwa gari la polisi.

Bwana George Githii wa gazeti la The Standard alikuwa na tajiri. Julai 1982 gazeti hilo lilitoa tahariri kulaumu kuwekwa watu kizuizini bila kushtakiwa. Lonrho, kampuni ya Uingereza, ndiyo iliyokuwa mwenye gazeti, na Githii akapoteza kazi papo hapo. Hapakuhitajika pingu.

Na kabla ya hao wote alikuwapo wetu, marehemu Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui. Mwaka 1930 alianza kutoa Sahifa, na mwaka 1932 Al-Islah, kwa Kiswahili na Kiarabu. Serikali ya Kiingereza haikuwa shabaha yake kubwa. Aliwasema Waislamu wenzake: uvivu, israfu katika harusi na matanga, kuiga Wazungu pasipo kuchukua elimu yao, kuwaacha watoto wa kike bila mafunzo. Mengi ya maandishi hayo yalikusanywa katika kitabu cha Uwongozi. Bei yake yeye ilikuwa ya namna nyingine, kwani aliowakemea ni jamaa na majirani zake, na aliyekasirika alijua pa kumpata. Mwaka 1937 akawa Kadhi Mkuu, na hadi kufa kwake 1947 hakuna aliyeweza kusema kwamba maneno yale hayana mwenyewe.

Siku hizi mhariri wa Kenya anaweza kubanwa kwa utaratibu wa kimya zaidi. Machi 2024 Serikali iliagiza kwamba matangazo yake ya magazetini yaende kwa The Star peke yake. Kwa magazeti mengine hilo lilikuwa pengo la fedha za mishahara, na mwandishi wa tahariri, akikaa jioni na karatasi yake, anajua hivyo bila kuambiwa na mtu. Akiliondoa neno moja kali na kutia laini, msomaji wa Maua au wa Mombasa hatapata habari kwamba kuna neno liliondolewa.